Asikilizwe Kwanza
Somo juu ya leseni ya biashara na haki ya kujitetea



Wengi katika sharika zetu za Mbulu na Hanang hupata riziki kwa biashara. Yuko mwenye duka Dongobesh, yuko mwenye mashine ya kusaga Haydom, yuko mwenye bucha Katesh. Hao wote wameitundika ukutani karatasi moja, nayo ni leseni. Wengine wetu huketi upande wa pili wa meza: ni madiwani, watendaji wa kata na vijiji, maafisa wa halmashauri. Tena wako wasio na duka wala cheo, ila hutia sahihi zao katika barua za malalamiko. Somo hili lawahusu wote watatu.

Swali letu ni hili: Je, yafaa mtu anyang'anywe leseni yake kabla ya kusikilizwa? Sisi twajibu kwamba haifai, hata kama ana kosa, na hata kama biashara yake twaichukia. Basi na tueleze sababu moja moja.

1. Ni kitu gani kinachopotea?

Sheria ya Leseni za Biashara, namba 25 ya mwaka 1972, yakataza mtu kufanya biashara bila leseni. Kwa hiyo leseni ikifutwa, siyo karatasi tu iliyoondoka. Mlango umefungwa. Bidhaa zilizochukuliwa kwa mkopo zakaa ndani, na mkopeshaji hangoji. Kijana aliyeajiriwa kaunta arudi kwao. Ada ya mtoto yakosekana muhula huo huo. Na jirani waliozoea kununua sukari na mafuta ya taa pale hawana budi kwenda mbali.

Watu wa Hanang wajua maana ya kupoteza riziki kwa siku moja. Tarehe 3 Desemba 2023 tope na mawe yalishuka kutoka Mlima Hanang yakaingia Katesh na vijiji vya karibu. Watu zaidi ya 80 walikufa, na nyumba na maduka yakaharibika. Tope halina masikio, wala huwezi kuliambia lingoje kidogo. Lakini mtu aandikaye barua ya kufuta leseni ana masikio, naye aweza kungoja siku chache. Asipongoja, amelifanya neno zito kwa haraka isiyokuwa na sababu.

2. Kusikilizwa ni nini?

Wengine hudhani kwamba mtu amesikilizwa akiisha kuitwa ofisini na kukemewa. Sivyo. Kusikilizwa kwa haki kuna mambo matano, na yafaa kila mmoja wetu ayashike moyoni.

Kwanza, aambiwe kosa lake waziwazi. Haitoshi kuandika kwamba "umekiuka masharti." Aambiwe ni sharti lipi, siku gani, mahali gani.

Pili, apewe nafasi ya kutosha kujitayarisha. Mtu aliyepewa barua saa tatu asubuhi ili ajibu saa nne hakupewa nafasi.

Tatu, auone au ausikie ushahidi ulioletwa juu yake. Neno lililonong'onezwa nyuma ya mlango hawezi kulijibu.

Nne, ajibu mwenyewe, kwa mdomo au kwa maandishi, na jibu lake lipimwe kweli kweli kabla ya kuamua.

Tano, mwamuzi asiwe yule yule aliyemshitaki. Wazee wetu walisema: kesi ya ngedere, hakimu nyani. Anayeshindana na ngedere hupotewa na shauri kabla hajafungua kinywa.

Uamuzi ukiisha kutolewa, apewe pia sababu zake kwa maandishi, maana asiyejua sababu hawezi kukata rufani.

Mambo haya si mageni kwetu. Wairaqw na Wadatoga wana mabaraza yao ya wazee tangu zamani, na mwenye kushitakiwa hupewa nafasi ya kusema neno lake mbele ya watu. Na katika Uingereza, mwaka 1723, majaji walipata shauri la mwalimu mmoja mkubwa, Richard Bentley, ambaye Chuo Kikuu cha Cambridge kilikuwa kimemvua shahada zake bila kumwita ajitetee. Jaji mmoja alikumbusha habari ya bustani ya Edeni: Mungu alijua yote aliyoyatenda Adamu, walakini alimwita kwanza na kumwuliza. Mahakama iliamuru Bentley arudishiwe shahada zake. Ikiwa yeye ajuaye yote aliuliza, afisa asiyejua yote atawezaje kuacha kuuliza?

3. Je, leseni ni hisani au ni haki?

Liko neno moja linalotumiwa sana kuwanyamazisha wafanya biashara. Husemwa hivi: "Leseni ni hisani ya serikali. Aliyekupa aweza kuitwaa atakapo." Neno hili lina historia, nasi tuifuate ili tujue lilianguka wapi.

Katika Ceylon, nchi iitwayo leo Sri Lanka, mfanya biashara wa nguo alifutiwa leseni na msimamizi wa biashara ya nguo, aliyeona kwamba hafai tena kuwa nayo. Shauri lilifika mpaka Baraza la Rufani la mfalme huko London, na mwaka 1950 majaji wakasema kwamba kufuta leseni ni kuondoa hisani tu, kwa hiyo msimamizi hafungwi na kawaida za hakimu. Kwa miaka kadhaa wakubwa wengi walijificha nyuma ya hukumu hiyo.

Lakini mwaka 1963 mahakama kubwa kuliko zote ya Uingereza ilipata shauri la mkuu wa polisi wa mji wa Brighton, aliyeondolewa kazini na kamati ya mji bila kusikilizwa. Majaji waliamua kwamba kuondolewa kwake hakukuwa halali, na jaji mmoja mkuu, Lord Reid, alionyesha makosa ya fikira zile za Ceylon. Alifundisha kwamba mwenye mamlaka ya kumpokonya mtu kitu chake cha thamani yampasa kumsikiliza, hata kama haitwi hakimu.

Kisha likaja shauri la mtu mdogo, nalo lafaa kuliko yote kwa somo letu. Katika mji wa Barnsley palikuwa na mwuzaji aliyekuwa na meza yake sokoni kwa miaka sita. Jioni moja ya mwaka 1974, soko limekwisha kufungwa na vyoo vimekwisha kufungwa pia, alijisaidia haja ndogo katika njia ya pembeni. Watumishi wa halmashauri walimwona wakamkemea, naye akawajibu kwa maneno makali. Meneja wa soko alipopata habari alimfutia ruhusa, asiuze tena sokoni pale maisha yake yote. Mtu yule aliomba kusikilizwa na kamati, nayo ikamsikiliza. Lakini meneja, ambaye ndiye mshitaki, alikaa pamoja na wanakamati muda wote, hata walipokuwa wakishauriana, na mwuzaji yuko nje. Maneno yaliyosemwa juu yake mle ndani hakuyasikia.

Mwaka 1976 Mahakama ya Rufani, chini ya Lord Denning, ilitangua uamuzi ule. Ilisema kwamba mtu hawezi kunyimwa ruhusa ya kuuza sokoni ila kwa sababu ya haki na baada ya kusikilizwa kwa haki, na kwamba mshitaki hana ruhusa ya kukaa na waamuzi wakati mshitakiwa ametolewa. Tena ilisema adhabu ilizidi kosa.

Angalieni, ndugu: mtu yule alitenda jambo lisilofaa, wala hakuna aliyesema lilifaa. Walakini meza yake ndiyo iliyokuwa riziki yake. Majaji wale hawakuuliza kama ni mtu mkubwa au mdogo.

4. Neno hili katika nchi yetu

Sisi wa Tanzania hatuna haja ya kuazima haki hii Uingereza, maana imeandikwa katika Katiba yetu. Mwaka 1984 Katiba ya mwaka 1977 iliongezewa sehemu ya haki za msingi. Katika ibara ya 13, fungu la 6 (a), imewekwa kwamba haki za mtu zinapoamuliwa na mahakama, au na chombo kingine chochote kinachohusika, mtu huyo apewe nafasi ya kusikilizwa kwa ukamilifu, na apate njia ya kukata rufani au nafuu nyingine ya sheria. Tazameni maneno "chombo kingine." Halmashauri ni chombo. Bodi ya leseni ni chombo. Kwa hiyo afisa asiseme, "Mimi si hakimu, hayo ni ya mahakamani."

Mahakama ya Rufani ya Tanzania, katika rufani ya madai namba 45 ya mwaka 2000 iliyohusu kampuni moja ya Mbeya, ilieleza kwamba haki ya kusikilizwa si desturi ya sheria tu iliyopokewa kutoka ng'ambo, bali imekuwa haki ya msingi ya Katiba.

Na kabla ya hapo watu wa kwetu walikuwa wamekwisha kuigusa ibara hiyo hiyo. Baba mmoja na mwanawe, wenyeji wa kijiji cha Kambi ya Simba, kata ya Mbulumbulu, sehemu iliyokuwa wakati ule katika Wilaya ya Mbulu na leo ni Karatu, walikuwa na shamba lililoshikwa kwa desturi tangu mwaka 1943. Mwaka 1987 walinyang'anywa sehemu ya shamba hilo kwa sababu ya mpango wa vijiji. Walikwenda mahakamani Arusha wakashinda. Ndipo Bunge likatunga sheria namba 22 ya mwaka 1992, iliyofuta haki za desturi katika vijiji vile, ikazuia fidia, tena ikawafungia watu mlango wa mahakama, hata mashauri yaliyokuwa yameanza. Shauri likafika Mahakama ya Rufani. Mwezi Desemba mwaka 1994, chini ya Jaji Mkuu Francis Nyalali, mahakama iliamua kwamba ardhi ya desturi ni mali inayolindwa na Katiba, na kwamba kuwafungia watu mlango wa kusikilizwa ni kuivunja Katiba.

Lile lilikuwa shauri la shamba, si la duka. Lakini mzizi ni mmoja. Ikiwa Bunge zima haliruhusiwi kumfungia mkulima mlango wa kusikilizwa, afisa mmoja apata wapi ruhusa ya kumfungia mwenye duka?

5. Neno gumu: je, na yule mwenye kosa?

Hapa ndipo wengi hujikwaa, nasi hatutaki kulipita jambo hili upesi. Husemwa: "Kosa lake lajulikana na kijiji kizima. Kumsikiliza ni kupoteza wakati, maana mwisho utakuwa ule ule."

Mwaka 1943 mahakama kuu ya Uingereza ililijibu neno hili katika shauri la daktari, ambaye baraza la matabibu lilimfuta katika orodha yake likikataa kuupokea ushahidi wake. Majaji walifundisha kwamba kawaida ya haki ikivunjwa, haidhuru kitu hata kama uamuzi ungekuwa ule ule. Uamuzi uliopatikana hivyo si uamuzi. Na mafundisho hayo yamo katika mashauri ya Afrika Mashariki pia.

Sababu yake si ngumu kuifahamu. Mambo yanayojulikana na kijiji kizima mara nyingine si ya kweli. Tuseme mwenye bucha ameshitakiwa kwamba alichinja ng'ombe asiyekaguliwa. Kijiji chote kilimwona akichinja alfajiri. Lakini akiulizwa, labda atatoa hati ya mkaguzi aliyekuja usiku wa jana yake. Asipoulizwa, hati ile itabaki sandukuni, na mtu asiye na kosa atakuwa amefungiwa. Na tuseme kwamba kosa liko kweli. Hata hivyo labda ni la kwanza, labda limekwisha kutengenezwa, labda yatosha faini au onyo. Hayo yote yatajulikana kwa kuuliza tu.

Sasa tuseme juu ya kilabu cha pombe. Washarika wengi wamehuzunishwa na pombe, na wanawake zaidi ya wote, maana wao ndio wanaongoja usiku. Zipo sharika zinazotamani kuandika barua ili kilabu fulani kifungwe, nasi hatuwakatazi. Mwananchi ana ruhusa ya kulalamika. Lakini barua ile iwe na majina ya walioiandika, na siku, na mambo yaliyoonekana. Tena mwenye kilabu apewe nakala ajibu. Tusiombe kwamba afungiwe kimya kimya kwa sababu afisa ni rafiki yetu. Mlango tunaoufungua leo ili kumpata yeye bila kusikilizwa hautafungwa tena kesho, atakapofikiwa mwenye duka la vitabu au mwenye mashine ya kusaga. Tukishinda kwa kweli, na tushinde mbele yake, akisikia.

6. Mipaka ya haki hii

Haki hii ina mipaka yake, nayo yafaa ijulikane, mtu asije akadai lisilokuwa lake.

Kwanza, kusikilizwa si kushinda. Mtu aweza kusikilizwa vizuri na leseni ikafutwa kwa haki.

Pili, pakiwa na hatari kubwa, kama nyama iliyooza au kipindupindu, mkubwa aweza kufunga mahali mara moja ili kuokoa watu. Lakini kufunga huko kuwe kwa muda, na mwenye mahali aitwe asikilizwe upesi iwezekanavyo.

Tatu, aombaye leseni mara ya kwanza hayuko sawa na aliye nayo tayari. Yule wa kwanza hanyang'anywi kitu. Lakini aliyekuwa na leseni miaka mingi akataraji kupewa tena, au aliyenyimwa kwa sababu ya sifa mbaya aliyosingiziwa, huyo naye yafaa aambiwe neno lililosemwa juu yake.

7. Mtu afanye nini?

Barua ikija, isitupwe wala isifichwe. Aandike juu yake siku aliyoipokea. Kisha ajibu kwa upole, kwa maandishi, pasipo matusi. Barua yaweza kuwa fupi hivi:

"Nimepokea barua yako ya tarehe fulani kuhusu leseni yangu. Naomba kwa heshima niambiwe ni sharti gani nimelivunja, na lini, na nipewe nakala ya malalamiko yaliyoletwa. Naomba nipewe siku za kutosha nijibu, nisikilizwe kabla ya uamuzi, na uamuzi utolewe pamoja na sababu zake kwa maandishi."

Nakala ya barua hii akae nayo, na aliyeipokea ofisini aitie sahihi au mhuri. Akusanye hati zake: leseni za miaka iliyopita, stakabadhi za kodi na ushuru, vyeti vya ukaguzi. Siku ya kusikilizwa aende na shahidi, afike mapema, aseme yaliyo kweli.

Uamuzi ukiwa si wa haki, afuate kwanza njia ya rufani iliyowekwa na sheria iliyomhusu. Njia hiyo ikiisha, aweza kwenda Mahakama Kuu kuomba uamuzi utanguliwe. Huko huombwa kibali kwanza, na ombi hilo lipelekwe kabla miezi sita haijapita tangu siku ya uamuzi. Wengi hupotewa na haki yao kwa kukawia tu. Afahamu pia kwamba kwa kawaida Mahakama Kuu haimpi mtu leseni. Huutangua uamuzi mbovu na kuamuru asikilizwe upya. Asiye na fedha ya wakili amtafute msaidizi wa kisheria, maana iko Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 kwa ajili ya watu kama yeye.

Na wewe uliye na mamlaka ya kutia sahihi, weka kalamu chini kidogo. Jiulize: Nimemwambia kosa lake? Nimempa siku? Nimelisoma jibu lake? Aliyeleta malalamiko yumo kati yetu tunaoamua? Ukiweza kujibu maswali hayo manne pasipo haya, tia sahihi yako kwa amani. Usipoweza, barua ile na ingoje.

Maswali ya kuzungumza pamoja

1. Taja mambo matano ya kusikilizwa kwa haki. Ni lipi linalosahauliwa zaidi katika kijiji chenu?
2. Kamati ya Barnsley ilikosea wapi, ijapokuwa ilimwita mtu yule ajitetee?
3. Usharika wataka kilabu cha pombe kilicho karibu na shule kifungwe. Andikeni barua ya malalamiko ambayo mnaweza kuisoma mbele ya mwenye kilabu.
4. Mwenyekiti wa kamati ndiye mwenye duka linaloshindana na duka la mshitakiwa. Yampasa kufanya nini kabla shauri halijaanza?